Mchanga wa Mama Uko Rubwera

Swali lililoninyima usingizi majuma yale halikuwa gumu kulisema. Je, nimwache baba aape mahakamani kwamba hakujua lori lake lilikwenda mtoni kuchota mchanga, ilhali yeye mwenyewe ndiye aliyelituma? Akiapa hivyo, huenda lori likarudi nyumbani. Akisema kweli, huenda likataifishwa na kupigwa mnada, naye abaki na jembe na mgongo usiopenda kuinama. Nyumbani kila mtu alikuwa na jibu lake. Mimi niliyesomea sheria ndiye sikuwa nalo.

Mimi ni mtu wa kufikiri kupita kiasi, na sisemi hivyo kwa kujisifu. Mama alikuwa akisema ukinituma chumvi nitarudi na maswali. Nilipomaliza chuo nilirudi kijijini kwetu Kimuli kusubiri nafasi ya kuendelea na mafunzo ya uwakili, na katika kazi zote za dunia, kusubiri ndiyo isiyonifaa kabisa. Nikiamkiwa na jirani, jioni bado nawaza kama nilimjibu vizuri. Sasa mtu wa namna hiyo ndiye aliyekabidhiwa hati ya kiapo ya baba yake, akaambiwa: hakikisha mzee anaielewa, kisha mlete siku ya shauri aapishwe.

Lakini kabla ya hati kulikuwa na lori, na kabla ya mambo yote hayo kulikuwa na mama.

Nyumba yetu iko kwenye mteremko, katikati ya migomba, na barabara inapita juu yetu. Mama aliweza kujua lori liko wapi kwa kusikiliza tu. Tukiwa jikoni jioni, mimi nasikia vyura na redio ya jirani, yeye anainua kichwa na kusema, "Yuko kanisani." Baadaye kidogo: "Anabadilisha gia kwenye kona ya wachana mbao." Gia hiyo ndiyo iliyokuwa saa yake. Akiisikia anaepua sufuria ya ndizi na maharage, ili baba akiingia na mikono yake inayonuka dizeli akute chakula kinatoa moshi. Sijui alijifunza lini. Nadhani hakujifunza, alizoea tu kumsubiri mtu mmoja kwa miaka mingi. Hata leo lori la mtu mwingine likibadilisha gia kwenye kona ile, mkono wangu unaitafuta sufuria.

Sakafu ya jiko lake ilipasuka nikiwa bado mdogo. Fundi aliyeisakafia alitumia mchanga mwekundu wa mlimani, ule wenye udongo ndani yake, na kila masika nyufa ziliongezeka. Makombo yaliingia humo, siafu wakatoka humo. Baba alikuwa anabeba mizigo ya watu wilaya mbili nzima, matofali, mbao, ndizi, magunia ya kahawa, lakini mchanga wa mtoni alikuwa haubebi. Aliogopa habari za vibali. Alisema mto una wenyewe, na wenyewe wana mihuri.

"Mganga hajigangi," mama alikuwa akimwambia, akifagia nyufa zake.

"Nitakuletea mchanga mweupe. Sakafu itang'aa mpaka uteleze."

"Niteleze nivunjike kiuno?"

"Nitakubeba kwenye lori."

"Nyuma au mbele?"

"Inategemea utakavyonijibu."

Maneno hayo waliyarudia kwa namna mbalimbali utoto wangu wote. Sikuwahi kuwaza kwamba ilikuwa ahadi. Nilidhani ni namna yao ya kucheka.

Mama alifariki wakati maua ya kahawa yamefunguka, baada ya kuugua kwa muda usiotosha hata kwa mimi kuwaza mambo yote niliyopaswa kuwaza. Majirani walitandaza nyasi ndani ya nyumba kama ilivyo desturi, wanawake tukakaa juu yake, wanaume wakakoka moto wa magogo nje. Kwetu msiba ukitokea, majembe yanalala na gari la kijiji linakosa mwenyewe. Mwenye gari hatoi ruhusa kwa sababu hakuna anayemwomba. Linabeba maji, linabeba mikungu ya ndizi, linabeba wajomba kutoka mbali. Hufungiwa majani ya mgomba mbele, na barabara nzima inajua: hilo ni la msiba, lipisheni.

Asubuhi ya mazishi mafundi walikuwa wanapanga tofali za kaburi. Nilikuwa dirishani. Nikamsikia baba nje. Tangu usiku hakuwa amezungumza maneno yenye urefu wowote.

"Nendeni mtoni," alisema. "Msiniletee ule mwekundu."

Mtu mmoja akauliza habari ya kibali. Mzee jirani yetu, ambaye kwenye misiba ndiye mwenye sauti, akamjibu, "Waitu, ndugu zangu, msiba hauombi kibali." Wote wakaitikia. Nami nilikuwa pale na shahada yangu ya sheria, nikaona ni sawa kabisa. Labda ni wazo la pekee katika maisha yangu ambalo sikuligeuza mara ya pili.

Lori liliendeshwa na kaka yangu, mtoto wa baba mkubwa, aliyefundishwa udereva na baba. Walifunga majani ya mgomba mbele na tawi la kahawa ya mama lenye maua. Walichota mchanga kwenye kingo ambako kuchota kumekatazwa, wakajaza, wakageuza. Njiani wakasimamishwa na askari waliokuwa wakikagua magari. Kaka bado anasimulia kwa mshangao mtupu.

"Sikuzima hata injini," anasema. "Nilijua ni salamu tu. Nikamwambia shikamoo afande. Akaitikia. Akaniuliza nimebeba nini, nikamwambia mchanga wa msiba. Umeutoa wapi? Mtoni. Kibali? Nikamwonyesha majani pale mbele. Dada, yule afande alivua kofia. Alinipa pole ya kutoka moyoni kabisa, mpaka nikataka kulia. Halafu akachukua ufunguo."

Sidhani kama mahali pengine dereva angeonyesha majani ya mgomba kama kibali, tena kwa imani timamu. Siku alipofikishwa mahakamani alikubali kosa kabla hajamaliza kusomewa. Aliona hakuna cha kuficha. Ukoo ukachanga faini, akatoka. Lori halikutoka. Lilibaki uani kwa polisi Rubwera kama kielelezo, na mwendesha mashtaka akaomba litaifishwe. Hakimu akasema mwenye lori aitwe kwanza aeleze kwa nini lisichukuliwe, akapanga siku ya kupitia upya suala la kushikiliwa kwa lori. Mama alizikwa mchana wa siku ileile lori lilipokamatwa, bila mchanga. Kaburi lake kibanjani, kati ya migomba aliyoipanda mwenyewe, likabaki tuta la udongo lenye msalaba wa mbao, pembeni ya makaburi ya babu na bibi yaliyosakafiwa. Saruji iliyonunuliwa ikawekwa stoo.

Kulikuwa na mchanga mwingine wa kununua. Mjomba mmoja alijitolea kuleta. Baba alimshukuru, akamwambia, "Mchanga wake upo. Uko Rubwera."

Mama mdogo, mdogo wake mama, alikuja kutoka Rugu kutusaidia kutafuta wakili. Ni mwanamke mwenye kauli, aliyezoea kuuza ndizi kwa wanunuzi wa malori, na huzuni ilikuwa imemwongezea ukali. Twende Kayanga, alisema, kuna wakili anasikiliza watu. Tukaenda wanne: yeye, baba, kaka na mimi. Nilivaa viatu vya chuoni, kisha njia nzima nikawaza kama wakili ataona najifanya mwanasheria mwenzake.

Wakili alikuwa kijana mpole aliyenishinda miaka michache tu. Alitusikiliza akiandika. Halafu akauliza swali ambalo nilijua litakuja, kwa sababu kila kitabu nilichosoma kinaanza na hilo.

"Mzee alijua lori limeenda mtoni?"

Baba alikuwa anaangalia kofia yake iliyokuwa magotini. Kaka aliangalia dirisha.

"Hakujua," alisema mama mdogo. "Mtu amefiwa na mke. Atajua nini?"

Wakili akamtazama baba kwa huruma, akaandika. Simlaumu. Jibu lile lilikuwa na sura ya ukweli. Mwenye gari ambaye hakujua wala hakuridhia ana mahali pa kusimama kisheria; mahakama ina sababu ya kumrudishia mali yake. Anayejua anabaki na huruma ya mahakama, na huruma haina kifungu.

Nje, kwenye ngazi, nilimshika mama mdogo mkono. "Lakini alijua."

"Wewe nani amekuuliza?"

"Atakuwa anaapa, mama mdogo."

"Sikiliza, msomi. Kaburi halili. Lori ndilo linalolisha. Dada yangu angekuwa hapa angekwambia hivyohivyo, tena angekupiga na mwiko." Akajifunga kanga upya, ingawa haikuwa imefunguka. "Unadhani mimi sitaki aliye kaburini ajengewe vizuri? Tumelala kitanda kimoja mpaka alipoolewa. Lakini baba yako akiachwa bila lori, utamzika na yeye. Andika hakujua."

Hakuwa amekosea, na hilo ndilo lililonitesa. Kama angekuwa anadanganya kwa tamaa ningemkatalia mara moja. Lakini nilimwona baba siku za karibuni: anaamka alfajiri, anavaa viatu vya kazi, anatoka mpaka pale lori lilipokuwa likiegeshwa, penye doa la oili kwenye majani, anasimama, anarudi ndani kunywa chai. Mtu aliyemsikiliza akija alikuwa ameondoka, na kile alichokuwa anakuja nacho kimeshikiliwa. Nikawaza, hata kama moja haliwezekani, si tumrudishie hilo linalowezekana? Kisha nikawaza akiulizwa maswali na mwendesha mashtaka atafanyaje. Nikawaza watu wote waliokuwa kwenye moto ule, waliosikia "nendeni mtoni" kwa masikio yao; je, siku watakapokaa kanisani benchi moja na baba watakuwa wanawaza nini? Nikawaza mimi mwenyewe, siku nitakapoapishwa kuwa wakili, kama nitaapishwa, nitakumbuka kiapo cha kwanza nilichokibeba kwenye mkoba. Halafu nikajilaumu kwa kujiwaza mimi. Mawazo yangu yako hivyo, yanazunguka kama ng'ombe aliyefungwa kambani mpaka anamaliza majani yote.

Hati ilipokuwa tayari niliichukua na kumpelekea baba. Ilikuwa alasiri, jua kali, naye alikuwa anageuza kahawa kwenye jamvi kwa kiganja, pole pole, kazi ambayo zamani ilikuwa ya mama.

"Nisomee," akasema.

Anajua kusoma vizuri, ni mzee wa kanisa, lakini alitaka nisome. Nikasoma jina lake, kijiji, namba ya lori. Nikafika pale panaposema kwamba siku ile, akiwa katika maombolezo ya mkewe, hakuwa na habari kwamba gari lake limepelekwa mtoni, wala hakumtuma mtu yeyote. Sauti yangu ilipungua yenyewe. Mkono wake ukasimama juu ya kahawa.

"Hapo inasema nilikuwa wapi?"

"Msibani."

"Kweli, nilikuwa msibani." Akaendelea kugeuza. "Na huo mchanga, inasema nani aliuagiza?"

"Haisemi, baba."

"Haisemi."

Alichagua punje iliyooza, akaitupa nje ya jamvi. Kuku akaikimbilia, akaiacha.

"Wewe ndiye umesoma," alisema. "Ukiniambia niweke sahihi, nitaweka."

Nilitamani aniulize, anikatalie, anigombeze hata. Alinipa kitu chote mkononi kama alivyompa kaka ufunguo siku ile, kwa kuamini. Niliikunja hati, nikamwambia bado siku zipo.

Wakili alitaka picha ya lori ionyeshe linavyoharibika kwa kukaa juani na kwenye mvua. Kwa hiyo nikaenda Rubwera na baba, tumepakiana kwenye bodaboda moja, mimi katikati. Nilijua huwa anakwenda. Husema anakwenda kutafuta bolti, au kumsalimu mtu wa halmashauri, na hurudi bila bolti. Sikujua anachokwenda kufanya.

Askari wa getini alimwona kwa mbali. "Mzee wa mchanga," akaita. "Umekuja kulisalimia lori lako?"

"Nimekuja. Shikamoo sikupi, wewe ni mwanangu."

"Marahaba hata hivyo," askari akasema, wakacheka wote wawili kama watu waliozoeana.

Lori lilikuwa ukutani, kati ya pikipiki zilizokamatwa na basi dogo lisilo na vioo. Tairi mbili zilikuwa zimelala. Majani ya mgomba yalikuwa bado yamefungwa mbele, yamekauka na kuwa rangi ya tumbaku. Maua ya kahawa hayakuwepo tena. Nilipanda kwenye tairi ili nipige picha vizuri, nikachungulia nyuma. Mchanga ulikuwa umeota. Majani membamba yalikuwa yameenea upande mmoja, na katikati kulikuwa na mche wa nyanya, umesimama vizuri, bila shaka kutokana na chakula cha mchana cha mtu.

"Ikiiva tutagawana, mzee," askari alisema.

"Huo si mchanga wa kulimia," baba akamjibu. Hakuwa na hasira. Aliweka kiganja kwenye bodi ya lori, mahali rangi ilipobabuka. "Ni wa mke wangu. Nilimwahidi mchanga wa mtoni tangu huyu akiwa mdogo, nikawa naogopa vibali. Alipokufa nikaona sasa naogopa nini. Nikawaambia nendeni mtoni. Ilikuwa uwekwe jikoni, ikawa uwekwe kule."

Askari alitazama chini. "Hii umeshaniambia, mzee. Umeniambia kila ukija. Mimi si hakimu."

"Najua. Lakini hakimu hajaniuliza."

Nilibaki juu ya tairi na simu mkononi. Nilikuwa nimeligeuza jambo lile kila upande, kisheria, kidini, kwa hesabu ya hasara na ya aibu, na pande zote hizo sikumwona mtu aliyesimama pale chini. Nilidhani swali ni kama baba anaweza kusema uongo. Kumbe alikuwa na jambo moja la kusema kuhusu mama, alikuwa anasafiri mpaka Rubwera kulisema, na mtu pekee aliyelipata ni askari wa zamu. Kwenye mazishi watu walisema alikuwa mama mcha Mungu, mkarimu, mlezi. Mchungaji alisema, mwenyekiti wa kijiji alisema, wajomba walisema. Baba hakusema. Yeye alituma lori. Na sasa kiapo tulichomtengenezea kilikuwa kinamtaka aseme kwamba hata hilo hakulifanya.

Nilimkumbuka mama vibaya sana saa ile. Nilitaka kumpigia simu. Nilitaka kumwambia, mama, baba alikuwa hatanii, na nimsikie akijibu, akijifanya ameudhika, huku anaficha tabasamu kwenye moshi.

Tulirudi hadi njia panda tukasubiri bodaboda nyingine, tumeketi kwenye magogo mbele ya duka lililofungwa. Nikamwuliza.

"Baba, hakimu akikuuliza ule mchanga ni wa nani, utamjibuje?"

"Wa mama yako."

"Na aliyetuma lori?"

"Mimi. Angetuma nani?" Alinitazama kama nilivyokuwa natazamwa nikirudi na maswali badala ya chumvi.

"Unajua ukisema hivyo linaweza kwenda moja kwa moja? Si kutishana. Sheria inawapa nafasi hiyo."

"Najua." Alivua kofia, akaipangusa vumbi, akaivaa. "Nimekuwa dereva muda mrefu, mwanangu. Gari ni kitu kinachoondoka. Lakini mama yako aliusubiri ule mchanga, nami nikawa namtania. Kama nitasimama mbele ya watu niseme sikuwa na habari nao, basi nitakuwa nimemtania hata kaburini."

Bodaboda ikaja. Kijana mwenye pikipiki akaanza kulalamika kuhusu barabara ya Kimuli kabla hatujapanda.

"Kile kiapo sitakupa uweke sahihi," nilimwambia baba. "Tutaandika kingine. Tutaandika ulijua."

"Haya," alisema, akapanda, akanipisha nikae nyuma yake.

Ningependa kusema kwamba baada ya hapo nilitulia. Sikutulia. Siku zilizofuata nilirudi nyuma ya uamuzi wangu mara nyingi, lakini kila niliporudi niliukuta umekaa palepale. Nilimpigia wakili nikamweleza kila kitu, nikiomba radhi kila baada ya sentensi. Alisema kiapo cha kwanza asingekiwasilisha tena hata tungemlazimisha, kwa kuwa sasa anajua. Angeandika cha pili: kwamba mzee alijua, kwamba alituma, kwa nini alituma, kwamba hajawahi kubeba mchanga huo kabla, na kwamba anaomba mahakama itazame mazingira.

"Siwaahidi kitu," alisema. "Hii ni njia nyembamba."

"Najua."

"Na ule mchanga usiuombe. Umechotwa kinyume cha sheria, hautarudi. Mweleze mzee mapema."

Nilimweleza. Hilo ndilo lililomuuma zaidi, nililiona. Alikwenda kibanjani, akakaa huko akikata majani makavu ya migomba ambayo tayari yalikuwa yamekatwa.

Mama mdogo ndiye niliyemwogopa. Nilimpigia simu huku nimesimama, kana kwamba ningehitaji kukimbia. Alinitukana kwanza, kwa Kinyambo na kwa Kiswahili, akaniuliza kama chuoni walinifundisha kufilisi wazazi. Niliacha amalize. Nikamweleza habari ya getini, neno kwa neno, hata ile ya nyanya.

Upande wa pili nikamsikia anapenga kamasi.

"Alimwambia askari?"

"Kila akienda."

"Mjinga yule," alisema. Baadaye, kwa sauti nyingine: "Basi mwambie wakili aandike kwamba dada yangu alikuwa anaudai. Aandike na nyufa. Mimi mwenyewe siafu waliniuma mle jikoni."

Wakili aliandika nyufa. Siafu aliwaacha.

Siku ya shauri tulitoka Kimuli mapema, baba amevaa koti la kanisani. Rubwera ilikuwa na ukungu na watumishi walikuwa ndiyo wanafungua ofisi, wengine wakinunua maandazi kwa mama mmoja barabarani. Mama mdogo alikuwa ametangulia kutoka Rugu, tukamkuta kwenye benchi la mahakama, amebeba chupa ya chai na hataki kuniangalia. Wakili alitukabidhi nakala tukaingia kwa karani, kwa sababu baba alipaswa kuapishwa kabla shauri halijaitwa.

Karani alikuwa mama mtu mzima mwenye miwani. Alisoma ukurasa wa kwanza haraka, wa pili taratibu. Akanitazama mimi, sijui kwa nini mimi na si wakili.

"Hapa panasema alijua."

"Ndiyo, mama."

"Mmeandika kwa makusudi?"

Zamani swali kama hilo lingetosha kunirudisha nyumbani. Nikawaza, kwa mara ya mwisho, kwamba hati ile ya kwanza bado ilikuwa kwenye mkoba wangu.

"Kwa makusudi," nikasema.

Akamsogezea baba Biblia. Baba aliishika kwa mkono wa kulia, akarudia maneno ya kiapo bila kukosea, kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu mazishi, sauti ya mtu anayemwita mwenzake aliye chumba cha pili. Akaweka sahihi, herufi moja moja. Nikaichukua ile hati ya zamani kutoka mkobani, nikaichana mara mbili mbele yao, nikampa karani hii mpya mkononi, naye akaigonga mhuri na kuiweka ndani ya jalada.